Kwa Nini Watu wa Filamu za Kale Huonekana Wakikimbia

Mtu yeyote aliyepata kutazama filamu zilizopigwa mwanzoni mwa karne ya 20 hapana shaka ameona jambo moja la ajabu: watu waliomo hawatembei kama watu. Wanawake waliovaa magauni marefu hukatiza barabara kwa hatua fupi fupi za haraka, mithili ya kuku waliotishwa. Askari hupita katika gwaride kana kwamba wanafukuzwa. Na vijana wanaoogelea huingia majini na kutoka kama vikaragosi vinavyovutwa kwa nyuzi. Watazamaji hucheka. Wanafunzi wengi hubaki na wazo kwamba kamera za zamani zilikuwa mbovu, au hata kwamba watu wa zamani walikuwa na mwendo wa namna hiyo.

Mawazo hayo yote mawili si sahihi. Kamera zilifanya kazi yake vizuri, na waliopigwa picha walitembea kama atembeavyo mkazi wa Musoma aendaye sokoni asubuhi. Kosa limo katika mtambo wa kuonyeshea picha, nalo laweza kupimwa kwa hesabu ambayo mwanafunzi wa kidato cha tatu anaimudu. Upimaji huo si mchezo tu, kwa sababu filamu za kale ni ushahidi wa historia, na zimo kati yake filamu za watu wa Afrika Mashariki ambao hawakupewa nafasi nyingine ya kuonekana na dunia isipokuwa katika mikanda hiyo.

Kamera ya mkono

Tarehe 28 Desemba 1895, filamu fupi kumi za ndugu wawili Wafaransa, Auguste na Louis Lumière, zilionyeshwa kwa watu waliolipa kiingilio katika mkahawa wa Grand Café mjini Paris. Mojawapo ilikuwa filamu ya bahari. Ilipigwa huko La Ciotat, kusini mwa Ufaransa, nayo yaonyesha watu wakikimbia juu ya daraja jembamba la mbao, wakijirusha katika mawimbi mmoja baada ya mwingine, kisha wakipanda na kurudia tena. Hakuna kisa wala sauti. Mkanda wake ulikuwa na urefu wa meta 17 hivi, kwa hiyo kila kitu kilimalizika kabla ya dakika moja kutimia.

Kamera iliyopiga picha hizo ilikuwa sanduku dogo la mbao lenye mkono wa kuzungushia ubavuni, kama ule wa cherehani ya mkono. Ndani yake mlikuwa na vidole vya chuma vilivyoingia katika matundu ya pembeni mwa mkanda, vikauvuta chini kwa kadiri ya picha moja, vikajitoa, vikarudi juu. Mkanda ulipokuwa umetulia, mwanga uliruhusiwa kupita katika lenzi. Ulipokuwa ukivutwa, kifuniko cha mviringo kiliziba njia ya mwanga. Mzunguko mmoja wa mkono ulipiga picha nane. Mpiga picha aliyezungusha mara mbili kwa sekunde alipata picha 16 katika kila sekunde, na kila moja ya picha hizo ilikuwa picha tuli kamili, isiyotikisika.

Mwendo, basi, haumo katika mkanda. Hutengenezwa na mtazamaji mwenyewe. Vitabu vingi vya shule vimefundisha kwamba jicho hushikilia picha kwa kitambo kidogo baada ya kutoweka, na kwamba hilo ndilo linalounganisha picha moja na inayofuata. Maelezo hayo hayatoshi. Kama jicho lingeshikilia tu, picha zingerundikana moja juu ya nyingine na kuwa ukungu. Mwaka 1912 mwanasaikolojia Max Wertheimer alionyesha kwamba mistari miwili iliyotengana, ikionyeshwa kwa zamu na kwa muda unaofaa kati yake, huonekana kuwa mstari mmoja unaohama kutoka mahali hadi mahali. Ubongo hupokea habari kwamba kitu kilikuwa hapa na sasa kiko pale, nao huamua kwamba kimesogea. Kazi ya jicho ni nyingine: huzuia giza la kati ya picha na picha lisionekane, alimradi mimweko iwe mingi vya kutosha. Ndiyo maana mitambo mingi ya enzi ya filamu za kimya ilikuwa na kifuniko chenye mabawa matatu, kilichoikata kila picha katika mimweko mitatu. Picha 16 zikawa mimweko 48, na kiwaa kikapungua.

Sasa mkono wa mwanadamu si saa. Wapiga picha wa zamani walihesabu kimoyomoyo au waliimba wimbo wenye mahadhi waliyoyazoea ili wasipotee. Hata hivyo mkono huchoka. Tena mkanda ulikuwa ghali, na aliyezungusha polepole aliokoa fedha. Kwa hiyo filamu moja ilipigwa kwa picha 14 kwa sekunde, nyingine kwa 16, nyingine kwa 18 au 20, na mara nyingi mwendo ulibadilika ndani ya filamu ile ile. Hakuna aliyejali sana, kwani aliyeonyesha naye alizungusha kwa mkono na aliweza kurekebisha alipoona watu wanakimbia mno.

Hali hiyo ilikoma sauti ilipoingia katika sinema, mwishoni mwa miaka ya 1920. Jicho husamehe mwendo unaopungua na kuongezeka kidogo, lakini sikio halisamehe: sauti ikienda upesi huwa nyembamba, ikienda polepole huwa nzito. Mwendo ukalazimika kuwa mmoja daima, na kiwango kilichokubaliwa ni picha 24 kwa sekunde. Mitambo ya kuonyeshea ikatengenezwa kwa kiwango hicho, yenye mota badala ya mkono. Filamu za kale zilipotolewa kabatini na kuwekwa katika mitambo hiyo mipya, zilipelekwa kwa picha 24 bila kuulizwa zilipigwa kwa ngapi.

Hesabu ya kuanguka

Filamu iliyopigwa kwa picha 16 na kuonyeshwa kwa picha 24 huenda mara moja na nusu ya mwendo wake wa kweli, maana 24 gawanya kwa 16 ni 1.5. Tukio la sekunde 48 humalizika kwa sekunde 32. Mtu mzima atembeaye kwa kawaida hupiga hatua 110 hivi kwa dakika. Katika filamu hiyo atapiga hatua 165, na hizo ni hatua za mtu anayekimbia. Lakini mwili wake hauna dalili nyingine za kukimbia. Hainami mbele, mikono haikunjwi, na hakuna wakati ambapo miguu yote miwili imeacha ardhi. Upungufu huo ndio unaochekesha, ijapokuwa mtazamaji hajui anacheka nini.

Kwa vitu vinavyoanguka jambo huwa baya zaidi, kwa kuwa mchapuko hutegemea mraba wa muda. Muda ukipunguzwa mara 1.5, mchapuko huongezeka mara 1.5 zidisha kwa 1.5, yaani mara 2.25. Mchapuko wa kweli wa mvutano wa dunia ni meta 9.8 kwa sekunde kwa sekunde; katika filamu iliyoharakishwa huonekana kuwa kama 22. Waogeleaji wa La Ciotat wakionyeshwa kwa picha 24 huwa wanajitupa katika bahari ya sayari nyingine, nzito kupita kiasi, ambamo matone ya maji hurushwa na kuporomoka kabla jicho halijayafuata.

Yaliyo kasoro hapa yaweza kugeuzwa kuwa kipimo. Kwa kuwa mvutano wa dunia haukubadilika tangu mwaka 1895, mwili unaoanguka ni saa iliyosahauliwa ndani ya picha. Tuseme kijana anajirusha kutoka mahali palipo meta 2 juu ya maji. Kimo hicho chaweza kukadiriwa kwa kulinganisha na urefu wa watu waliosimama karibu. Muda wa kuanguka hupatikana kwa kuzidisha kimo mara mbili, kugawanya kwa 9.8, na kutafuta kipeo cha pili: 4 gawanya kwa 9.8 ni 0.41, na kipeo chake ni sekunde 0.64. Mtafiti kisha huhesabu picha, moja moja, kuanzia pale kijana alipofika juu kabisa mpaka miguu ilipogusa maji. Akipata picha 10, atagawanya 10 kwa 0.64, naye atapata 15.6. Kamera ilizungushwa kwa picha 16 hivi kwa sekunde.

Kipimo hiki kina udhaifu wake. Kosa la picha moja katika kumi ni kosa la asilimia kumi, na kimo kilichokadiriwa kwa macho huongeza kosa lingine. Kwa sababu hiyo hupimwa waogeleaji wengi na kuchukuliwa wastani, na matokeo hulinganishwa na kipimo kingine kisichohusiana na cha kwanza.

Mawimbi hufaa sana kwa kazi hiyo. Katika maji yenye kina kikubwa, urefu wa wimbi kwa meta, kutoka kilele hadi kilele, ni 1.56 zidisha kwa mraba wa muda wake kwa sekunde. Wimbi la sekunde 2 lina urefu wa meta 6 na robo. Atakayesimama juu ya majabali ya pwani ya Musoma siku ya upepo, akiwa na saa mkononi, aweza kulithibitisha hilo mwenyewe kwa mawimbi ya Ziwa Victoria, akihesabu vilele vinavyopita penye kigingi au mtumbwi uliotia nanga. Jambo la kuangalia ni kwamba kanuni hii hufaa pale ambapo kina kinazidi nusu ya urefu wa wimbi. Karibu na mchanga, maji yanapopungua kina, mawimbi hufupika na hesabu hubadilika. Sasa filamu ikimwonyesha mtazamaji wimbi lenye urefu wa meta 6 linalopita kila sekunde 1.3, maji yenyewe yanakanusha mwendo huo. Wimbi la muda huo lingekuwa na urefu usiofika meta 3.

Shule nyingi leo haziwezi kupata mtambo wa filamu, lakini simu yenye kamera hupatikana. Mwalimu aweza kumpiga picha mwanafunzi akitembea, kisha jiwe likiangushwa kutoka kimo cha meta 3, na kuonyesha picha hizo kwa mwendo wa mara 1.5. Jiwe lililoanguka kwa sekunde 0.78 litaanguka kwa sekunde 0.52, na mwanafunzi atembeaye kwa heshima zote atageuka kichekesho mbele ya wenzake. (Jiwe linatosha. Hakuna haja ya kumrusha mtu ziwani, ambako wamo mamba na kiboko wasiosoma fizikia.)

Wakazi wa Butiama wanao mfano wa karibu wa uzito wa jambo hili. Mwezi Oktoba 1967, katika kuliunga mkono Azimio la Arusha, Mwalimu Julius Nyerere alitembea kwa miguu kutoka Butiama hadi Mwanza, safari ya zaidi ya kilomita 200. Kamera za miaka hiyo zilikuwa na mota, zikienda kwa kiwango kinacholingana na mitambo ya kuonyeshea. Lau safari kama hiyo ingefanyika mwaka 1910 na kupigwa kwa mkono, kisha ikaonyeshwa leo bila kurekebishwa, yule aliyelala Mwitongo tangu mwaka 1999 angeonekana akichapa mbio za mchezo, na watu waliojipanga kandokando ya njia wangekuwa wakirukaruka bila sababu.

Makundi ya watu mbele ya kamera

Filamu nyingi za kale ni za makundi ya watu, na sababu yake ni ya kibiashara. Mwaka 1994, katika duka moja la zamani mjini Blackburn, Uingereza, yaligunduliwa mapipa matatu ya chuma yaliyojaa mikanda. Ilikuwa kazi ya Sagar Mitchell na James Kenyon, mafundi waliopiga picha kaskazini mwa nchi hiyo kati ya miaka ya 1900 na 1913. Ilikuwapo mikanda 800 hivi: wafanyakazi wakitoka viwandani, mechi za kandanda, na maelfu ya watu wa likizo katika miji ya pwani ya Blackpool na Morecambe. Wenye maonyesho waliwaagiza mafundi hao wapige nyuso nyingi iwezekanavyo, kisha wakatangaza kwamba siku ile ile jioni kila mtu aweza kuja kujiona. Kila uso katika picha ulikuwa tikiti moja. Ndiyo maana watu hao huikodolea kamera macho, huvua kofia, husukumana na kurudi mara ya pili mbele ya lenzi. Mikanda hiyo iliposafishwa na kuonyeshwa katika televisheni ya BBC mwaka 2005 kwa mwendo uliorekebishwa, watazamaji walishangazwa na jambo dogo: watu wale walionekana kuwa watu wa kawaida.

Afrika Mashariki nayo ilipigwa picha mapema, lakini kwa utaratibu mwingine. Theodore Roosevelt, aliyekuwa amemaliza urais wa Marekani, alishuka Mombasa mwezi Aprili 1909 kwa safari ya kuwinda. Mwingereza Cherry Kearton alimpiga picha za sinema akiwa Kenya, pamoja na wenyeji wakicheza ngoma, na filamu ikatolewa mwaka 1910. Sehemu zake zimehifadhiwa katika Maktaba ya Bunge la Marekani. Wachezaji wale hawakuahidiwa kujiona jioni. Picha zao zilivuka bahari na kuonyeshwa kwa watu ambao hawakuwahi kumwona Mwafrika akitembea, akizungumza au akipumzika, na ambao hawakuwa na kitu cha kulinganisha nacho. Mkazi wa Blackpool akiona jirani yake anatembea kama kikaragosi, hujua kwamba mtambo una kasoro. Mtazamaji wa New York akiona ngoma ya Kenya ikichezwa kwa kasi isiyowezekana, huamini kwamba ndivyo ngoma hiyo ilivyo.

Kasi haikuwa upotoshaji pekee. Mikanda ya wakati huo ilipakwa utando wa chumvi za fedha uliohisi rangi ya buluu na kijani tu. Aina hiyo huitwa ortokromatiki. Rangi nyekundu haikuacha alama yoyote, nayo ilitokea nyeusi, ilhali anga ya buluu ilitokea nyeupe tupu. Udongo mwekundu ambao Wamasai hujipaka huonekana katika picha hizo kama masizi. Ngozi ya kahawia, ambayo huakisi zaidi nyekundu kuliko buluu, ilitokea nyeusi kuliko ilivyo, na chini ya jua la utosini nyuso zilipoteza macho na tabasamu. Mikanda inayohisi rangi zote ilienea katika sinema katika nusu ya pili ya miaka ya 1920. Hivyo mtazamaji wa picha za mwaka 1909 huona watu wasio na nyuso, wanaokwenda mbio, chini ya anga lisilo na mawingu. Na sifa zote hizo tatu zimetoka katika kemikali na mota, wala hazikutoka Kenya.

Polepole kwa ajili ya nani?

Historia ina kejeli zake. Wakati filamu za Waafrika zilipokuwa zikiharakishwa bila kukusudia huko ng'ambo, filamu zilizotengenezwa kwa ajili ya Waafrika zilikuwa zikipunguzwa mwendo kwa makusudi.

Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, ulifanyika mradi wa filamu za elimu uliojulikana kwa kifupi kuwa BEKE. Uliendeshwa chini ya Baraza la Kimataifa la Misheni kwa fedha zilizotoka hasa kwa shirika la Carnegie la New York, na viongozi wake walikuwa Leslie Notcutt na Geoffrey Latham. Zilitengenezwa filamu 35 hivi katika mikanda ya milimita 16, nyingi zikiigizwa na Waafrika wenyewe: juu ya safura, mmomonyoko wa ardhi, kodi, benki ya akiba ya posta na kilimo cha chai. Mikanda ilikuwa kimya, na maelezo ya Kiswahili na lugha nyinginezo yalitoka katika sahani za santuri. Lori lililobeba mtambo na jenereta lilizunguka Tanganyika na nchi jirani hadi Nyasaland na Rodeshia ya Kaskazini. Hapa angalau waliopigwa picha na waliotazama walikuwa watu wa nchi moja, na filamu zilionyeshwa uwanjani, usiku, kwa makundi makubwa ya wanakijiji.

Lakini waandaaji wa filamu za namna hiyo walishikilia kwamba Mwafrika hawezi kufuata sinema ya kawaida. Mwaka 1939 serikali ya Uingereza iliunda Idara ya Filamu za Makoloni, na mkuu wake, William Sellers, alieneza mafundisho kwamba kila tendo lionyeshwe polepole na kwa ukamilifu, bila kuruka kutoka mahali hadi mahali na bila mbinu zozote za kamera. Mafundisho hayo hayakusimama juu ya upimaji wa haki. Mjini Zanzibar jumba la sinema la Royal, lililobuniwa na msanifu J. H. Sinclair, lilikuwa limefunguliwa tangu mwaka 1921, na hata kabla ya hapo wenye mitambo ya kusafiri walikuwa wakionyesha sinema mjini humo. Watu wa pwani walitazama filamu za Marekani na za India zenye kasi na mbinu zote, wakazielewa na wakazibishania barazani. Mtu ambaye hajawahi kuona sinema hutatizwa na sinema, awe wa Butiama au wa Blackburn. Akiisha kuiona mara kadhaa hatatizwi tena. Nadharia ya Sellers ilikichukua kitu kinachotokana na mazoea na kukiita maumbile.

Katika filamu zote za BEKE, zinazojulikana kusalia ni tatu, nazo zimehifadhiwa Uingereza: ya safura, ya mafunzo ya mabwana mifugo, na ya mashamba ya Kingolwira karibu na Morogoro. Mikanda ya milimita 16 ilitengenezwa kwa asetati, isiyowaka kwa urahisi kama ile ya naitreti iliyotumika katika majumba ya sinema, ila asetati nayo ina ugonjwa wake. Penye joto na unyevu hutoa asidi ya siki, hunywea na kujikunja, na asidi hiyo huharakisha kuoza kwa mkanda wenyewe na wa jirani yake. Mwenye kufungua kopo la filamu na kusikia harufu ya siki ajue kwamba uharibifu umekwisha kuanza. Dawa ni baridi na ukavu, vitu viwili ambavyo ghala la kawaida katika nchi za joto halinavyo.

Kurudisha mwendo

Njia ya zamani ya kusahihisha mwendo ilikuwa kunakili mkanda na kurudia baadhi ya picha. Ili picha 16 zijaze nafasi ya 24, katika kila picha mbili moja hupigwa mara mbili: ya kwanza, ya pili, ya pili tena, ya tatu, ya nne, ya nne tena. Muda hurejea kuwa wa kweli, lakini mtembeaji husitasita kidogo katika kila picha iliyorudiwa, na filamu nyingi za televisheni zina kigugumizi hicho. Kompyuta za leo hazihitaji hila hiyo, maana zaweza kuonyesha picha 16 au 18 kwa sekunde moja kwa moja, mradi mtu awe amekwisha kupima na kuandika ni ngapi.

Hivi karibuni imezuka njia ya tatu, inayovutia macho na inayohitaji tahadhari. Programu za kompyuta hulinganisha picha mbili zinazofuatana na kubuni picha za katikati, kisha huongeza rangi na kunoa nyuso. Mwaka 2020 filamu maarufu ya ndugu Lumière ya treni ikiingia stesheni huko La Ciotat ilisambazwa ikiwa na picha 60 kwa sekunde, laini kama ya jana. Mikanda ya makundi ya watu wa miji ya pwani imefanyiwa vivyo hivyo. Kama asili yake ni picha 16 kwa sekunde, basi katika kila picha 60 anazoziona mtazamaji, zisizopungua 44 hazikupigwa na kamera yoyote. Ni makisio ya mashine. Mguu ulio hewani kati ya picha mbili umewekwa pale ambapo programu imeona panaelekea. Rangi ya kanga au ya shuka imechaguliwa kutokana na picha nyingine nyingi ambazo mashine ilifundishwa kwazo. Na uso uliopotea katika utando wa ortokromatiki hurudishwa ukiwa uso wa mtu mwingine, asiyekuwapo.

Kwa burudani hilo halina ubaya. Kwa mwalimu wa historia au wa fizikia anayetaka kuhesabu picha za mwili unaoanguka, filamu ya namna hiyo haifai kitu, kwa kuwa hesabu yake itapima programu na kuiacha kamera. Atahitaji nakala ambayo haikuongezewa, yenye picha zile zile zilizopigwa, na hifadhi nyingi za filamu huitoa ikiombwa. Hatua ya kwanza ni kuitembeza picha moja moja na kuhesabu.